Shimo Lililokunywa Jipsam

Kornelio alikuwa juu ya ngazi, shingo imepinda, vumbi jeupe limemjaa kwenye nyusi, siku alipopata habari za Pompei. Alikuwa akimalizia kona ya dari sebuleni kwa Mwalimu Khalfani, pale Lushoto mjini. Mwalimu Khalfani ni mtu wa Tanga. Serikali ilimleta milimani kufundisha historia, akastaafu, akasahau kurudi kwao. Kustaafu kulimtoa darasani lakini hakukumtoa kwenye kufundisha. Fundi ukiingia kwake kuziba tundu la panya, unatoka na tarehe za Vita vya Maji Maji kichwani, na hakuna mtihani wa kukusaidia kuzitapika.

Siku hiyo ilikuwa zamu ya Warumi.

"Mwaka wa sabini na tisa," Mwalimu alisema kutoka kwenye kochi, sweta limefungwa hadi kidevuni. "Sio elfu moja mia tisa sabini na tisa. Sabini na tisa tupu. Mlima Vesuvio ukapasuka, ukamwaga majivu na mawe juu ya miji. Pompei ikafunikwa, Herkulano ikafunikwa. Mikate iko tanurini, mbwa kafungwa mnyororo. Watu wakaanguka pale pale walipokuwa, majivu yakawazunguka, yakashikana. Miili ikaoza ikaisha, ikabaki nafasi. Shimo lenye umbo la mtu. Imepita miaka elfu moja na mia saba na ushee, wachimbaji wakaanza kumimina plasta kwenye yale mashimo. Ikishika, wanabomoa udongo wa nje, mtu huyo hapo. Hadi mikunjo ya nguo."

Kornelio alishusha mwiko. "Walichanganya na maji kiasi gani?"

Mwalimu alimtazama kama anavyotazamwa mwanafunzi aliyeulizia chai katikati ya wimbo wa taifa. "Nakusimulia msiba wa miji mizima, Mghoshi, wewe unauliza maji." Mghoshi ndiyo jina ambalo watu wa Tanga humwitia kila Msambaa, awe mchungaji au mlevi.

"Plasta yetu ya jipsam ikiwa nzito haifiki chini, Mwalimu. Inashikia njiani. Hao walikuwa na fundi."

"Walikuwa na profesa."

"Profesa alishika daftari. Aliyemimina alikuwa fundi."

Mwalimu akanyamaza, jambo ambalo mke wake, angekuwa hai, angelitolea sadaka. Kornelio akaendelea kusawazisha kona, lakini mkono ulikuwa umeshapoteza njia. Alipita mara tatu mahali pale pale.

"Na kilichooza kikiwa mti?" akauliza.

"Vilevile. Wamemimina wakapata milango. Wamepata mizizi ya miti ya bustanini."

Kornelio akashuka ngazi. Akaketi kwenye ndoo yake iliyogeuzwa, akajifuta uso, akazidi kujipaka vumbi. "Mimi nina shimo," alisema.

Shimo lenyewe alilipata Jumamosi iliyotangulia, kwao Mgwashi, akichimba msingi wa nyumba ya mama yake.

Ili kulielewa hilo shimo inabidi kurudi hadi Desemba ya mwaka tisini na saba, mwaka wa Elinino, mvua ilipokuwa inanyesha kama imeajiriwa. Jumapili moja, watu wakiwa ibadani, upande mzima wa mlima uliamua kuhama. Ulichukua nyumba ya akina Kornelio, jiko, banda la mbuzi na miti mitatu ya plamsi. Hakufa mtu, kwa sababu mhubiri wa siku ile alikuwa na ugonjwa wa kutomaliza. Kijiji kilikuwa kimemlalamikia kwa miaka, na tangu siku ile hakuna aliyethubutu tena kutazama saa mhubiri yule akiwa madhabahuni. Walikufa mbuzi wanne na jogoo mmoja.

Lakini udongo ulifunika kitu kingine. Mzee Emanueli, baba yake Kornelio, alikuwa amezikwa pale pale nyumbani miaka mitatu kabla. Kaburi la udongo, limezungushiwa mawe ya mtoni, na msalaba wa mti wenye jina lililochomwa kwa chuma cha moto. Asubuhi lilikuwepo, mchana yakawepo matope ya mita mbili, laini kama uji, hayana mbele wala nyuma.

Baada ya wiki mbili akafika baba mdogo Benjamini kutoka Korogwe. Akasimama juu ya matope, mikono nyuma, akatazama kushoto, akatazama kulia, akanyoosha kidole. "Ni hapa." Benjamini ni mzee wa kanisa, ana sauti nene na koti, na mtu wa namna hiyo akinyoosha kidole watu huwa hawakifuatishi kwa maswali. Pakapandwa msonobari. Kila mwaka baada ya Pasaka ukoo hukusanyika chini ya msonobari ule, Benjamini huomba, huimbwa tenzi mbili, na kila mwaka mama Modesta husimama pembeni na kanga yake mpaka amina ya mwisho, kisha husema maneno mawili.

"Pale hayupo."

Wanamwitikia ndiyo mama, wanamshika mkono, wanampeleka kwenye chai. Miaka ishirini na sita.

Kornelio alikuwa na miaka kumi na tisa mlima ulipohama. Alikwenda Dar es Salaam na begi la kuazima, akabeba mifuko ya jipsam, akajifunza kuichanganya, akapanda ngazi, na hakushuka kwa miaka kumi na mitano. Ametengeneza maua na vikombe vya dari juu ya vichwa vya watu ambao hawajawahi kulala chini ya bati linalovuja. Alikuwa analala chali juu ya mbao, uso umekaribia dari, na mara nyingi akiwa pale juu kilichokuwa kinamjia si Dar wala joto lake bali Mgwashi ya zamani: ukungu unaoingia jikoni bila hodi, moshi wa kuni mbichi, plamsi zinazodondoka juu ya bati moja moja, na kinu. Kinu cha mama ndicho kilichokuwa saa ya nyumba ile. Du, du, du, mahindi ya makande yanakobolewa, na mtoto kitandani anajua kwamba dunia iko mahali pake na hahitaji kuamka bado. Dar kulikuwa na mashine za kukoboa kila kona. Zilipiga kelele kuliko kinu na hazikumlaza mtu.

Aliporudi milimani alikuwa na mke, watoto watatu, na nia ya kumjengea mama nyumba kwenye kiwanja kile kile. Mlima ulikuwa umetulia, miti imeshika juu, watu wa kata wamekagua na kukubali. Aliyekataa ni mama.

"Sihamii kwenye nyumba ambayo sijui kama nimemkanyaga mume wangu," alisema. Alikuwa anaishi kwa binti yake, Beatha, juu kidogo karibu na barabara, na macho yake mawili yalikuwa yamebakiza mwanga bila picha. "Nionyesheni alipo, ndipo mjenge. Na nikifa mnilaze ubavuni mwake. Msinilaze kwenye mti wa Benjamini."

Kufika mwaka wa ishirini na sita, kifua kilikuwa kimemlaza hospitali mara mbili. Mara ya pili alirudi mwepesi, Beatha akasema kumbeba ni kama kubeba nguo zake tu. Kornelio akaanza kuchimba msingi bila ruhusa, kwa hesabu ya watoto wote duniani, kwamba mzazi akiona kuta atalainika. Ndipo sururu ikazama. Akaivuta, akaona tundu la mviringo, upana wa kifundo cha mkono, limeshuka wima kama limechongwa. Akafunga jiwe kwenye uzi, akalishusha. Lilikwenda chini kupita urefu wa mkono, likaendelea kwenda.

Kitu cha mti, kimesimama wima, kimeoza kikaacha nafasi yake. Kornelio alijua kitu kimoja tu pale nyumbani kilichokuwa kinasimama wima mchana na usiku.

"Herufi za msalaba zilichomwa kwa kina," alimwambia Mwalimu. "Zitatoka kwenye jipsam. Nitasoma jina la baba."

Mwalimu Khalfani alishaanza kutafuta viatu.

Walifika Mgwashi Jumamosi saa nne asubuhi na mifuko mitatu ya jipsam, ambayo kwa hesabu ya Kornelio ilikuwa imezidi miwili. Mama Modesta alikuwa ameshaketishwa kwenye kiti cha plastiki kando ya msingi, shuka mabegani, Beatha amesimama nyuma yake.

"Shikamoo mama," Mwalimu alisema.

"Marahaba, baba. Wewe ndiye uliyemwambia mwanangu amnyweshe marehemu plasta?"

"Si marehemu, mama. Ni msalaba wake. Ni njia iliyotumika kule Italia."

"Italia walipata?"

"Walipata."

"Haya. Endeleeni."

Benjamini akatokea kwenye njia ya migomba, amevaa koti lake. Habari zilimfikia kwa njia ambayo habari humfikia kila mzee wa kanisa, yaani kabla hazijatokea. Kornelio alimwamkia, akaitikia bila kumtazama. Alikuwa anatazama umbali kati ya tundu na msonobari wake. Ulikuwa umbali wa kutosha kumwaibisha mtu.

"Kornelio, mwanangu," alisema, "baba yako tumemwombea pale miaka yote hii."

"Najua, baba mdogo."

"Maziko yake nilikuwepo."

"Ulikuwepo," mama Modesta alisema, uso umeelekea upande ambao hakuwa na haja ya kuuona. "Ulikuwa unasimamia sufuria za wali."

Beatha akakohoa kwenye kanga.

Kornelio alichanganya mfuko wa kwanza mwepesi kama maziwa, akakoroga kwa fimbo mpaka madonge yakaisha, akamimina taratibu kupitia mrija aliouteremsha hadi chini. Jipsam ikaingia. Akamimina tena. Ikaingia. Mfuko wa kwanza ukaisha, akamulika kwa simu. Tundu lilikuwa jeusi vilevile, kama hajaliambia kitu.

Hapo akapiga hesabu upya. Msalaba ni boriti moja na kipande cha kukingama. Mfuko mmoja ulitosha na kubaki. Akafungua wa pili, na sasa alikuwa anachanganya haraka kwa sababu jipsam haina subira, ile ya chini ikishika kabla ya ya juu kazi imeharibika. Wa pili ukaisha.

"Msalaba gani huo," Benjamini aliuliza. "Mimi niliuona kwa macho yangu. Haukuwa mnene kuliko mimi."

"Labda kuna ufa," Mwalimu alisema. "Au shimo la panya buku."

"Panya buku anakunywa mifuko miwili?"

Kornelio alikung'uta mfuko mtupu. Jasho lilikuwa linachora mistari kwenye vumbi la uso. Kama jipsam ilikuwa inapotelea kwenye ufa, basi hakuna umbo, hakuna herufi, hakuna kaburi, na mama atapita msimu mwingine wa mvua kwenye kiti cha plastiki akisubiri kuonyeshwa. Alifungua mfuko wa tatu kwa meno. Alipofika nusu yake, uso mweupe ukapanda ndani ya tundu, ukasogea polepole, ukafika mdomoni, ukatulia.

"Imejaa," alisema, akakaa chini kwenye matope na suruali yake nzuri.

Walisubiri. Beatha alileta makande, na Mwalimu, ambaye tumbo lake la pwani halikuwahi kuelewana na maharage, alikula kwa heshima. Mama Modesta alimtaka arudie habari za mji ule. Mwalimu akarudia, safari hii bila tarehe.

"Na yule mbwa," mama aliuliza, "hakuna aliyekumbuka kumfungua?"

"Hapana, mama."

"Na mikate ilikuwa tanurini."

"Ilikutwa humo humo. Imeungua, lakini ni mikate."

Mama alitafuna kidogo. "Mwenye mikate alijua anarudi," alisema. "Mimi pia niliacha mahindi nimeyaloweka. Nilisema nikitoka kanisani nimalizie. Mchana kutwa nilikuwa nawaza yale mahindi. Nyumba imeondoka, mimi naona uchungu wa mahindi." Akacheka kwa kifua chake kibovu. "Watu walinipa pole ya nyumba nikawa naitikia, wasijue naitikia ya mahindi."

Kornelio alikuwa hajawahi kusikia habari za mahindi yale. Alimtazama mama yake kama mtu anayeonyeshwa chumba kwenye nyumba aliyokulia.

Kuchimba kulianza saa nane, yeye na jirani wawili wenye makoleo, wanazunguka kwa mbali kisha wanakaribia kwa mikono. Kitu cheupe kikaanza kutokea: mti wa mviringo, umenyooka, unene wa mkono wa mtoto.

"Msalaba," Benjamini alisema. "Nilisema mimi."

Futi moja. Futi mbili. Mti ule uliendelea kushuka bila kunyoosha mkono upande wowote. Futi tatu, nne. Hakuna kipande cha kukingama, hakuna herufi, na katikati umelainika kidogo, mahali ambapo viganja hushika. Kornelio alipaona pale akajua, lakini mikono ikaendelea kufukua kwa ubishi tu. Chini yake udongo ulikuwa umezungukwa na mdomo mpana, mweupe, mviringo, na mdomo ule ukashuka ukawa tumbo, tumbo likashuka likawa kiuno, kiuno kikawa kitako kilichokaa imara juu ya ardhi ya zamani.

Ukungu ulikuwa umeanza kushuka kwenye mashamba ya juu.

"Ni kinu," Beatha alisema.

"Ni kinu," Kornelio alisema, na akaweka koleo chini.

Kwa mtu mwingine ingekuwa ajabu ya kusimulia mwaka mzima. Mti wote ulikuwa umekwisha, mchwa wameula hadi unga wa mwisho, na bado kinu kimesimama na mchi wake ndani, na nyufa zake, na alama ya waya uliokifunga kiuno. Mwalimu Khalfani alikuwa ameshavua miwani na kuivaa mara nne. Lakini Kornelio alilifuata jina la baba yake kule chini, akapewa chombo cha jikoni. Alikaa ukingoni mwa shimo, miguu inaning'inia, mtu mzima wa miaka arobaini na mitano, na hakutaka mama aulize.

"Mmetoa nini?" mama akauliza.

Beatha akamtazama Kornelio.

"Nimepofuka, sijafa. Mmetoa nini?"

"Kinu, mama," Kornelio alisema. "Kinu chako. Samahani."

"Nisogezeni."

Walimteremsha kwa ngazi ya fundi, Kornelio chini, Beatha juu, naye mama anakanyaga kila kipago kama anajadiliana nacho. Alipofika akanyoosha mikono. Ikagusa mdomo wa kinu, ikauzunguka, ikasimama mahali palipomeguka.

"Hapa ulipiga panga," alisema. "Ulikuwa darasa la pili. Unasema unakata nyoka."

"Nilichapwa."

"Ulichapwa kidogo. Baba yako alinishika mkono." Vidole vikapanda, vikakuta mchi. Vikashuka tena, kana kwamba vimekosea. Vikapanda. "Mchi umo ndani."

"Umo, mama."

Basi mama Modesta akaanza kucheka, akacheka mpaka Beatha akaogopa kwa ajili ya kifua chake. "Mama mkwe," alisema alipopata pumzi. "Mama mkwe alinisema kwa jambo hili tangu wiki niliyoolewa. Mwanamke gani anaacha mchi kwenye kinu? Toa, osha, simamisha pembeni. Kila siku. Amekufa ananisema. Na mimi kila siku naacha." Aliupapasa ule mchi mweupe kama mtu anayepapasa shingo ya ng'ombe wake. "Bila huu mchi mngeona nini juu kule? Msingeona kitu."

Kisha vidole vikatulia, uso ukabadilika.

"Kornelio. Kimetoka kimesimama, au mmekisimamisha?"

"Kimesimama chenyewe."

"Hamjakisogeza?"

"Hata kidogo. Kimekaa pale pale kilipokuwa."

"Msikisogeze," alisema. "Asikiguse mtu. Huko ng'ambo, pengo la mlima linaonekana? Lile kama jino lililong'oka?"

Kornelio alipanda juu akatazama. Ng'ambo ya bonde, juu ya mikaratusi, pengo lilikuwepo, ukungu unalikaribia. "Linaonekana."

"Simama kwenye kinu utazame pengo. Ukitembea kulielekea, hatua kumi na mbili, yuko pale. Nilikuwa nikitwanga namtazama. Msalaba ulikuwa unakaa chini ya pengo sawasawa, kama umeingizwa humo. Nilimpa habari zote, nani kaolewa, nani kafeli, huku natwanga. Nikimaliza nakwenda kumwambia nimemaliza. Hatua kumi na mbili, kila siku, miaka mitatu. Nitasahau?"

Benjamini alikuwa amekuja hadi ukingoni. "Shemeji," alisema polepole, "sasa kwa nini miaka yote hii hukusema?"

"Nilisema pale hayupo."

"Ulisema hayupo. Hukusema unajuaje."

"Hamkuniuliza. Mlikuuliza wewe."

Hakusema kwa hasira, na ndiyo maana hakuna aliyepata pa kujifichia. Kornelio alitazama viatu vyake. Alikuwa amepima kiwanja kile kwa futi kamba, kwa uzi, kwa simu ya Mwalimu inayoonyesha ramani kutoka angani. Kitu ambacho hakuwahi kukifungua ni mdomo, amuulize mama yake alikuwa anasimama wapi.

Alilaza ubao juu ya shimo, akaning'iniza timazi mpaka ncha yake ikagusa katikati ya kinu, akaweka alama kwenye ubao. Sasa ukazuka ubishi wa miguu. Benjamini alitaka apime yeye, ni mtu mzima. Kornelio alitoa futi kamba, akauliza hatua za mama ni futi ngapi.

"Sikwenda kwa futi," mama alisema, ameshapandishwa kwenye kiti chake. "Nilikwenda kwa ndala. Atembee Beatha. Ana miguu yangu, maskini."

Beatha akavaa ndala za mama, akasimama kwenye alama, akatazama pengo.

"Usitembee kama unawahi gari," mama alisema. "Tembea umechoka. Umetwanga."

Beatha akatembea amechoka. Walihesabu wote, na jirani wa makoleo nao. Moja, mbili. Saa ile hata Benjamini alikuwa anahesabu, midomo inacheza. Kwenye hatua ya nane Beatha aliruka uzi wa msingi, akaingia kwenye chumba kisichokuwepo. Tisa. Kumi. Kumi na moja. Alisimama kwenye ya kumi na mbili na hakujua aweke wapi mikono.

"Yuko wapi?" mama aliuliza.

Kornelio alikuwa anatazama nyuzi zake. "Yuko kwenye chumba chako, mama. Nilikuwa nakuwekea dirisha hapo."

Mwalimu Khalfani, ambaye kwa kazi yake haamini kitu mpaka kiwe na ushahidi, alisafisha koo. Akasema hatua ni jambo jema, lakini hata Italia walihakikisha. Mama akakataa katakata kuchimba. Mume wake hakuwa mhogo. Ndipo Kornelio akaleta nondo ya mita tatu, akainoa ncha, akaanza kuishindilia kwa nyundo, taratibu, udongo ukiwa bado mbichi. Mita moja, hakuna. Mita moja na nusu. Karibu na mita mbili nondo ikagota, ngo, sauti fupi ya jiwe la mtoni. Akaing'oa, akasogea shibiri moja. Ngo. Akasogea tena. Ngo. Alikwenda hivyo kwa saa nzima, jirani wakipokezana nyundo, na kila palipogota Beatha aliweka plamsi moja kutoka kwenye kikapu cha chakula juu ya udongo, kwa kuwa ndicho kilichokuwa karibu. Plamsi zikafanya mstari, mstari ukapinda kona, ukarudi. Zilipofunga, lilikuwa umbo la jeneza, ambalo kila mtu pale alishalibeba begani mara nyingi.

Benjamini akavua kofia. Kisha akauliza, akitazama kule kwenye msonobari, "Na pale, shemeji? Pale palikuwa na nini?"

Mama alionyesha mkono kushoto, bila kukosea. "Banda la mbuzi."

Mzee wa kanisa akavuta pumzi ndefu. "Miaka ishirini na sita," alisema.

"Walikuwa wanne," mama alimwambia kwa upole. "Na walikufa siku ya Jumapili. Hawajapungukiwa."

Mabega ya Benjamini yalitikisika, na watu walichelewa kugundua kwamba anacheka.

Kornelio alikuwa ameshaanza kung'oa vigingi. Chumba cha mama kilibidi kihame, na sebule nayo, na msingi aliouchimba kwa wiki mbili ukawa mfereji tu wa kumwagia maji ya mvua. Alivikusanya vigingi kwapani, akavifungua nyuzi, na akagundua kwamba hana uchungu nao. Alikuwa anasikiliza. Mama alikuwa ameomba apelekwe hadi kwenye plamsi, amekaa pale na kiti chake, na anaongea Kisambaa cha chini chini, cha haraka, kama mtu aliyekuta foleni ya habari. Nani kaolewa. Nani kafeli.

Alipomaliza akamwita.

"Lete kigingi kimoja, baba."

Akaleta.

"Kichwa cha baba yako kiko huku?"

"Kiko huku, mama. Upande wa mlima."

"Basi mimi nitakuwa huku, mkono wake wa kushoto. Ndivyo tulivyolala siku zote. Akinigeukia alikuwa ananiziba upepo wa mlangoni." Alipapasa udongo kando ya mstari wa plamsi. "Piga hapa."

Kornelio alikuwa amepiga vigingi maelfu maishani mwake. Alipiga goti, akakisimamisha kile, akakisahihisha, akakisahihisha tena.

"Niache nafasi kiasi gani?" aliuliza.

"Ya mkono tu," mama alisema. "Usituweke mbali."

Akakisogeza karibu zaidi, akainua nyundo.